Sufuria Zilicheza, Maganga Hakucheka

Maganga wa hapa Dutwa alikuwa mtu wa kushuku kila kitu. Ukimkaribisha ugali, anauliza kwanza, "Unataka nini kwangu?" Ukimwambia mvua inakuja, anatoka nje kuhakikisha. Mimi, Kwandu, jirani yake wa miaka ishirini, nilishamchoka.

Mwaka ule, watu binafsi walipoanza kuruhusiwa kununua pamba, akaja mnunuzi mmoja mwenye lori jipya na maneno matamu. Kwenye banda la kupimia akawasha jenereta, akaweka televisheni na deki. Filamu fupi ya kizamani, hata rangi haina: sufuria zinacheza, mafagio yanarukaruka, birika linakitongoza kijiko kwa wimbo. Jamani! Tulicheka mpaka khanga zikafunguka. Nilikuwa na magunia sita, na hayo ndiyo mabati ya nyumba yangu. Nyasi za paa zilishaoza, watoto walikuwa wanalala wakilowa.

Maganga peke yake aliipa televisheni mgongo.

"Maganga, njoo ucheke na wenzako!" nikamwita.

"Mayu," akaniita mama kwa Kisukuma chetu, "kwa nini mtu anataka niangalie kule, na pamba yangu iko huku?"

"Roho mbaya tu hiyo. Hata redio huna!"

Zamu yake ilipofika, hakupandisha gunia. Alishika ndoano ya mzani kwa mikono miwili, akakunja miguu, akaning'inia mwenyewe! Tukaacha filamu, tukamcheka yeye.

"Someni!" akafoka.

Karani wa mnunuzi akajifanya hasikii. Mwalimu Evalina akasogea, akasoma: kilo hamsini na mbili.

Maganga akashuka, akatoa kadi ya zahanati. "Jana nesi kanipima sitini na moja. Nimekonda kwa usiku mmoja?"

Pakawaka moto pale! Mnunuzi akatoa mzani mwingine kwenye lori, anaapa eti ule wa kwanza umechoka. Waliobaki wote wakapimiwa huo. Magunia yangu yalishapimwa, yalishamwagwa na kuchanganywa na ya wengine. Yalipimwa saa ngapi? Birika lilipokuwa linaimba, nami nimekenua meno.

Mabati hayakutimia. Kabla ya mvua, Maganga akaja na mizigo miwili ya nyasi za kuezekea, akaitua mlangoni.

Nikamkazia macho. "Unataka nini kwangu?"

Miaka ishirini, ndiyo siku ya kwanza kumwona Maganga anacheka.