Mimi Nani?

Nakumbuka siku niliyorudishwa nyuma kwenye foleni ya sukari Kariakoo kwa kosa la kujiita Kipepe. Cheka tu, mwanangu. Siku ile mimi sikucheka.

Enzi zile za Ujamaa sukari ilikuwa ya kupangiwa foleni, nami nilikuwa sauti ya Kipepe, mtoto mtundu wa mchezo wa redio. Sura yangu hakuna aliyeijua. Lakini nikisema tu, "Babu, umenibakishia?" kwa sauti ile, foleni nzima iliangua kicheko na kunisogeza mbele. Nikavimba kichwa. Wenzangu wa mtaani nikawaona watoto, nikaacha kucheza nao, nao wakazoea kutokuwepo kwangu.

Ngoma ikivuma sana haikawii kupasuka. Nikabalehe, sauti ikakwaruza. Studio wakanishukuru, wakamweka mtoto mwingine kwa jina lile lile.

Basi siku hiyo, foleni ndefu, nikaibana sauti iwe kama ile ya zamani, nikasema, "Ni mimi, Kipepe!" Mama mmoja akageuka.

"Kipepe gani na ndevu hizo? Kipepe si tumemsikia jana redioni? Hebu rudi nyuma huko!"

Nikarudi mkiani. Sukari ikaisha kabla sijafika. Nikapita Mnazi Mmoja, watu tele, na hakuna hata mmoja wa kumwambia yaliyonikuta. Upweke ule sikuombei, mwanangu.

Nyumbani nikabisha hodi. Bibi aliyenilea akauliza kutoka ndani, "Nani?"

"Mimi."

"Mimi nani?"

Nikaibana tena sauti. "Kipepe."

Mlango haukufunguliwa. "Huyo kwao sikujui. Nimeuliza, mimi nani?"

Machozi yakanitoka pale kizingitini. "Hamisi, bibi."

Komeo likavutwa. Aliiona mikono yangu mitupu, wala hakuulizia sukari.

"Redio imepata Kipepe mwingine," alisema. "Mimi Hamisi mwingine ningempata wapi?"

Tukanywa chai bila sukari, naye akanimiminia kikombe cha pili.

Mwanangu, kazi ikikupa jina, litumikie vizuri, lakini usihamie humo. Jina la kazi ni nguo ya kuazima, na nguo ya kuazima haisitiri matako. Wenzako usiwatupe unapovuma, maana watakaokushangilia ni wengi na watakaokufungulia ni wachache. Mungu akujaalie mlango wa kubisha, na nyuma yake mtu asiyetosheka na jibu la "mimi". Amina.