Nyumba ya Fundi Cherehani

Fundi cherehani huyu hachomi pini nje ya mstari wa mshono kwenye kitambaa cha mteja. Hukigusa kwa ncha za vidole, tena baada ya kuvifuta kwenye gauni lake, na anayekiegemea hufokewa: "Ondoka hapo, hicho cha watu!" Vitambaa vyake mwenyewe huvitoboa atakavyo. Leo alikwenda benki kifua mbele, kuuliza mkopo wa nyumba umebaki kiasi gani. Karani akamweleza taratibu kwamba deni lenyewe limepungua kidogo tu. Miaka yote hii, sehemu kubwa ya alicholeta imeliwa na riba. "Na nikimaliza?" "Utakuwa umelipa bei ya nyumba mbili, mama." Fundi akacheka kidogo, halafu vidole vikaanza kupapasa ukingo wa meza ya karani kana kwamba vinatafuta upindo.

Alipofika nyumbani alimkuta mumewe amesimama juu ya kiti sebuleni, nyundo mkononi, picha yao ya harusi kwapani. "Mama watoto, msumari niupige hapa?" Fundi alifuta vidole kwenye gauni, akaugusa ukuta kwa ncha tu. "Shuka, baba watoto," akasema kwa sauti ndogo. "Huo ukuta wa watu."