Meneja Aliyetaka Kuwaestonisha Waestonia

Siku ya kwanza kazini nilifika nusu saa kabla ya muda, viatu vyeusi vimepigwa rangi, diploma yangu ndani ya bahasha ya plastiki kana kwamba kuna mtu angeiulizia. Hakuna aliyeiulizia. Msimamizi wa Wauguzi, mama mrefu mwenye miwani iliyoning'inia kifuani, aliniangalia miguu kwanza.

"Hivyo viatu vinateleza?"

Nikasema havitelezi hata kidogo.

"Vizuri. Wa jana vyake viliteleza, tukampoteza."

Hivyo ndivyo nilivyoianza kazi ya uangalizi wa wazee, katika nyumba moja ya wazee karibu na Minto, kusini-magharibi mwa Sydney, wakati huo nikitokea Blacktown kwa treni mbili na basi.

Nayaandika haya kwa ajili ya vijana wa Korogwe na kwingineko wanaodhani kazi hii ni kumlisha bibi uji na kupiga picha za kutuma nyumbani. Mimi ni binti wa mkata mkonge. Sikuwa na mjomba wizarani wala shangazi Ulaya. Diploma niliisomea katika chuo cha ufundi cha Campbelltown huku nafanya vibarua vingine, na masomo yote nilifaulu kwa jaribio la kwanza. Darasani tulikuwa na wenzetu waliozaliwa na Kiingereza mdomoni, nao walirudia. Nalisema kwa sababu ni kweli.

Kwanza niliwekwa kwa wasioweza kusimama. Huko nilijifunza winchi ya wagonjwa, mashine ya kumnyanyua mzee kitandani kwa mkanda mpana wa kitambaa, ambayo kanuni yake ni watu wawili daima, hata kama mwenzako yuko msalani na mzee anakulaani kwa Kigiriki. Nilijifunza pia shuka la kutelezea, linalomgeuza mtu ubavu bila kumchubua ngozi. Kisha nikahamishiwa ghorofa ya chini, upande wa waliopoteza kumbukumbu, ambao mlango wake hufunguliwa kwa namba za siri. Wazee wa huko wanatunzwa vizuri, sitaki kuwasingizia. Lakini mtu mwenye akili zake ukimfungia mle, baada ya miezi michache hutamtofautisha na wenzake. Nimeona kwa macho yangu.

Kote huko nilisifiwa kwa noti. Kila mwisho wa zamu mwangalizi anaandika noti za kila mzee: amekula nini, amepata choo, ana hali gani ya moyo. Wengi waliandika "yuko sawa" wakaenda kuwahi treni. Mimi niliandika kurasa. Msimamizi wa Wauguzi alikuwa akizisoma kwa sauti mbele ya waajiriwa wapya, nao wananigeukia.

Kwa sifa hizo nikapandishwa ghorofa ya juu, waliko Waestonia kumi na mmoja. Estonia ni nchi ndogo ya kaskazini mwa Ulaya, kando ya bahari yenye baridi, jirani na Urusi. Wazee wale waliikimbia wakiwa watoto wakati wa vita, wakalelewa kambini Ujerumani, kisha meli ikawaleta Australia. Walikuwa watu nadhifu, wapole, wasiosumbua. Ghorofa ilikuwa kimya kama maktaba, na ningestaafu kwa raha kama Meneja wa nyumba ile asingekwenda semina.

Alirudi na kitenzi. Alituita ukumbini, akasimama mbele ya ubao, akasema, "Tunaiestonisha ghorofa yote." Akaeleza kwamba neno hilo lipo kwenye kamusi kubwa ya Kiingereza, na maana yake ni kukifanya kitu kiwe na utamaduni wa Kiestonia. Mpaka nastaafu sikumsikia mtu mwingine akilitumia.

Nikanyoosha mkono. "Bosi, hawa si ni Waestonia tayari?"

"Wao ndiyo, Mwanaidi. Mazingira bado."

Basi tukayaestonisha mazingira. Bendera za bluu, nyeusi na nyeupe zikatundikwa hadi bafuni. Kwaya za Kiestonia zikapigwa kwenye spika tangu kifungua kinywa mpaka chai ya saa kumi. Sikukuu yao ya katikati ya kiangazi, ambayo huwashiwa moto mkubwa, tuliifanya mwezi wa sita, kwa sababu kalenda ya semina ilisema mwezi wa sita. Mwezi wa sita Sydney ni baridi. Tuliwasukuma wazee wa miaka tisini uani wakiwa wamefunikwa mablanketi, wakatazama pipa likiwaka, tukawarudisha ndani wanapiga chafya. Sisi waangalizi tukashonewa vizibao vyenye maua.

Mwenzangu wa zamu alikuwa Furaha, Mrundi aliyekulia kambi za Kigoma, mwenye cheti, si diploma. Siku ya vizibao alinifuata stoo.

"Dada Mwanaidi, mimi kambini nimepewa nguo za misaada za kila nchi. Lakini hiki kimenishinda."

"Vaa, mwaya. Ni kazi."

"Navaa. Lakini wakinipiga picha ninaacha kazi."

Walimpiga picha, ikabandikwa mapokezi. Hakuacha.

Sehemu ya mpango iliyonifurahisha ni ya salamu. Meneja aliagiza kila ukiingia chumbani umsalimie mzee kwa Kiestonia, umchangamshe, umfanye aongee, kisha uandike amechangamka kiasi gani. Hapo nikajiona nimefika. Mimi ni mtu wa Tanga, salamu hakuna wa kunifundisha. Ukinipa mtu asubuhi, nitamuuliza alivyolala, alivyoamka, kifua, miguu, wajukuu na hali ya hewa kabla sijafungua pazia.

Katika chumba cha mwisho, chenye dirisha linalotazama miti, alikaa Mzee Endel, seremala aliyestaafu, mwenye mikono mipana na macho ya rangi ya maji. Nilimsalimia mara tatu kila zamu. Alinitazama, akatazama dirisha. Nami, mtaalamu, nikaandika: hajibu salamu. Hana hamu. Anajitenga. Kesho yake tena, na kesho kutwa. Niliandika kwa ufasaha, kurasa na kurasa.

Baada ya miezi miwili Meneja aliniita ofisini, faili la Mzee Endel mezani.

"Noti zako zimetusaidia sana. Hizi ni dalili za kupotea akili. Daktari wa wazee anakuja Jumatano kuthibitisha, halafu tunamhamishia chini." Akatabasamu. "Na mwisho wa mwezi, Mwanaidi, tunamtangaza kiongozi wa zamu. Nadhani unamjua ni nani."

Nilitoka pale natembea kama bibi harusi.

Jumapili ile, kama kawaida, alikuja Tiina, binti wa Mzee Endel, mwalimu mstaafu. Kila Jumapili alivuta kiti karibu na baba yake, wakakaa saa nzima bila kusemezana, kisha akambusu kipajini akaondoka. Mimi nilishaamua kwamba wamegombana. Nikajiambia mzee hawezi kuhamishwa na kinyongo moyoni. Nikaandaa chai vikombe vitatu, nikaingia, nikavuta kiti katikati yao.

"Samahani, naingilia," nikamwambia Tiina. "Lakini wiki nenda wiki rudi hamsemezani. Huyu ni baba yako. Kama kuna neno baina yenu litoeni leo, mimi nipo, tutalimaliza."

Tiina alinitazama, akamgeukia baba yake. "Baba, tumegombana?"

"Hapana," akasema Mzee Endel. Sauti nzito, safi.

"Mwanaidi anasema tumegombana."

"Nimesikia. Nipo hapa."

Tiina alicheka hadi akaweka kikombe chini. Kisha akanieleza, taratibu, kama anavyoelezwa mtoto. Kwao maneno mengi ni ya mgeni, kumwondolea woga. Mtu wako wa karibu unakaa naye kimya, na huo ukimya ndio heshima yenyewe. "Juma zima watu wananitaka niongee," akasema. "Nikija hapa napumzika. Leo tulikuwa na mazungumzo mazuri sana kabla hujaingia."

Nilikusanya vikombe. Niliyaona maandishi yangu yote, mistari iliyonyooka, na mwisho wake ule mlango wa namba za siri.

Nilimweleza Furaha tukiwa tunakunja shuka.

"Ongea na Meneja pembeni," akasema.

"Nimeshaongea. Amesema Waestonia ni watu wa kwaya, wanaimba, na mzee mzima angeimba."

"Basi nyamaza, dada. Cheo kiko mlangoni. Daktari ataona mwenyewe."

"Daktari ana dakika ishirini na faili langu. Ataona nilichoandika."

Furaha alikunja shuka mbili kabla ya kunijibu. "Ulikuwa unaandika vizuri mno, na wewe."

Jumatano tulikaa chumbani kwa Mzee Endel: yeye mwenyewe, Tiina, Meneja, Msimamizi wa Wauguzi na mimi niliyeitwa kusoma noti. Daktari alikuwa kijana wa haraka haraka. Alimsalimia mzee, akamuuliza anajisikiaje, akamuuliza kama amefurahia sikukuu. Mzee alitazama dirisha. Daktari akaandika kitu, akaniambia nianze.

Nikafungua faili, nikalifunga.

"Daktari, noti hizi zina makosa. Aliyekosea ni mimi."

Meneja akakohoa. "Mwanaidi ana unyenyekevu. Ndizo noti bora tulizo nazo."

"Ni bora kwa mwandiko," nikasema. "Niliandika hajibu kwa sababu kwetu asiyejibu salamu ni mgonjwa au adui. Huyu si mgonjwa. Muulize jambo lenye jibu."

Daktari alisita, akamgeukia mzee. "Endel, unajua uko wapi?"

"Mahali ambapo wanapiga nyimbo tangu asubuhi," akasema Mzee Endel. "Nilikuwa nafikiri mtazizima."

"Unamfahamu huyu mama?"

"Mwanaidi. Ananikausha vidole vya miguu vizuri, mmoja mmoja. Wengine hawakaushi."

"Kwa nini humjibu akikusalimia?"

Mzee alifikiri muda mrefu, na kwa mara ya kwanza katika kazi yangu nikamwacha mtu afikiri. "Ananiuliza nimeamkaje mara tatu kwa siku," akasema. "Mimi naamka mara moja."

Msimamizi wa Wauguzi alivaa miwani yake ghafla na kuinamia sakafu. Daktari alimuuliza maswali mengine kama kumi, ya tarehe, ya hesabu, ya ujenzi, akajibiwa kila moja kwa maneno machache na bila kosa. Kisha akachana fomu ya uhamisho. Mzee Endel akabaki na dirisha lake.

Mimi nilibaki na kizibao. Mwisho wa mwezi Meneja alinieleza kwamba mtu anayeziandika noti kisha akazikana hawezi kusimamia noti za wengine. Cheo akapewa Furaha. Mwenye cheti! Alikuja kuniomba radhi, nikamwambia asijali, na nilijali mwaka mzima. Ule mpango nao ukapewa tuzo ya utamaduni, na Meneja akapigwa picha akiwa ameishika.

Sasa nimerudi Korogwe, nimejenga, diploma nimeitundika sebuleni mahali ambapo mgeni hawezi kukosa kuiona. Vijana wanakuja kuniuliza kazi ile inataka nini. Nawaeleza winchi, nawaeleza shuka, wananisikiliza na kuandika kwenye simu. Nawaambia waandike walichokiona, si walichokitarajia. Wanaandika hilo pia. Halafu nawaambia siku moja huenda wakalazimika kusimama mbele ya bosi, wamebakiza wiki mbili wapandishwe cheo, waseme kazi yao bora kuliko zote ni kosa. Hapo wengi huacha kuandika, wanatazama saa, na mmoja huniuliza kama najua njia ya kupata viza ya Kanada.