Siku Tupu ya Malumo

Wenzangu mliokunywa uji wa wimbi kwenye kibuyu, mkakimbilia shuleni miguu mitupu kabla umande haujakauka, haya nawaandikia ninyi. Hawa wa siku hizi hawatayaelewa. Kwao chaja ikipotea ni msiba.

Mimi ni mtoto wa kijiji cha Bokoli, na sioni haya kusema nimefika mbali. Nina diploma ya ufundi wa umeme ambayo hakuna mjomba wala mwanasiasa aliyenisaidia kuipata. Nimefanya kazi Uarabuni miaka kumi na miwili, nikipanda milingoti ambayo wengine walikuwa wakiitazama tu na kushikwa na kizunguzungu. Leo nyumba yangu ya mawe nje kidogo ya Kitale hutumiwa kuelekeza wageni. Nasema hivi ili mjue kwamba anayeandika si mtu wa kuogopa vivuli. Lakini kuna hesabu moja niliyoikosea nikiwa na miaka kumi, nayo inanitisha hadi leo.

Enzi zile hatukununuliwa michezo, tuliibuni. Mimi na Nanjala, binti wa shangazi yangu, tulibuni nchi nzima. Tuliiita Malumo. Ilikuwa ndani ya Mlima Elgon, nyuma ya mapango, na watu wake walikuwa na kalenda yao. Wiki yao ilikuwa na siku nane, mwezi siku arobaini, mwaka miezi tisa: Mwezi wa Kumbikumbi, Mwezi wa Mvua ya Mawe, Mwezi wa Njugu, Mwezi wa Moshi tulipochoma mabua, na mingine. Nanjala ndiye aliyetunga majina. Mimi, kwa kuwa nilikuwa namba moja kwa hesabu, nilikuwa Mshika Mkaa. Kila asubuhi nilichora mstari mmoja kwenye ukuta wa nyuma wa ghala la mahindi, na sheria ilikataza mkono mwingine wowote kuugusa mkaa huo.

Miezi ilipokwisha, ilibaki siku moja isiyo ya mwezi wowote. Hiyo ndiyo Siku Tupu. Mnajua kwetu mtoto hupewa jina la msimu: Wafula wa mvua, mimi Wekesa wa mavuno, yeye Nanjala wa njaa. Basi Nanjala akauliza, na aliyezaliwa Siku Tupu ataitwa nani? Akajijibu mwenyewe. Hana jina, kwa hiyo kila Siku Tupu inapofika hupanda juu kutafuta la mtu. Anakuita mara moja tu. Ukiitika, umempa.

Hilo hakulitoa hewani. Bibi yetu, tuliyemwita kukhu, alitufunza hivyo jikoni huku akigeuza viazi vitamu kwenye jivu: "Ukiitwa mara moja, nyamaza. Mtu mwenye haja na wewe ataita tena."

Siku Tupu ya kwanza tuliicheza vizuri sana. Tulishinda tukiitana "wewe" na "we naniii," tukicheka hadi kukhu akatufukuza jikoni.

Mwaka wa pili nilipelekwa likizo Kitale kwa mjomba. Niliporudi, ukuta ulikuwa na pengo. Nilikuwa nimekaa siku kumi na moja au kumi na mbili? Ningeweza kumuuliza kukhu, lakini mwanafunzi wa namba moja amuulize mtu hesabu? Nikachora mistari kumi na miwili, nikapangusa mikono.

"Una hakika, Profesa?" Nanjala aliuliza. Alipenda kunidhihaki kwa jina hilo.

"Si nimehesabu? Ama unataka kushika mkaa wewe?"

"Ai, nani anataka mkaa wako, bana!"

Siku Tupu ikafika kwa mujibu wa ukuta wangu. Tulinyamaza, tukaipita salama. Kesho yake alasiri tulikuwa tukichuma majani ya kunde kando ya shamba. Mahindi yalikuwa yamekwisha kutupita urefu, na mvua ilikuwa imetoka kukatika. Kutoka ndani ya mahindi ikatoka sauti ya shangazi.

"Nanjala!"

Mara moja. Yeye akasimama na majani mkononi, akanitazama.

"Leo ni salama?"

"Ni salama. Ilikuwa jana."

"Mama!" akaitika, akaingia.

Hakuna jani lililotikisika nyuma yake. Nilisubiri. Alipotokea, alitokea upande wa pili kabisa, na nguo yake ilikuwa kavu. Mimi niliyesimama nje tu nilikuwa nimelowa kwa maji ya majani. Akaniuliza, kwa adabu ambayo hakuwahi kuwa nayo, "Nyumbani ni njia gani?"

Nilicheka. Nilidhani ananitania. Shangazi alifika jioni akitoka soko la Webuye, na samaki wake kwenye kikapu. Alikuwa ameshinda huko tangu asubuhi. Kukhu akapiga hesabu kwa sauti, bila kuulizwa: "Wekesa aliondoka Jumatano asubuhi, akarudi Jumapili ya pili. Siku kumi na moja hakuwa hapa." Nilikuwa nimechora mstari mmoja zaidi: Siku Tupu ya kweli ilikuwa leo, si jana. Kisha akamtazama Nanjala kwa muda mrefu, na tangu siku hiyo hadi alipofariki alimwita "mgeni."

Wengine walisema msichana amekomaa. Hakuitaja Malumo tena. Ukimwita jina lake, ilibidi uite mara mbili.

Nilibeba jambo hilo hadi Uarabuni na kurudi nalo. Mwezi uliopita nikaamua kulitua. Nanjala ana duka la nafaka Bumula, ana watoto wanne, watu wanamheshimu. Nilimpelekea sukari na leso, akanipa chai. Mimi nisiyependa kukosolewa, nikamwambia yote: kwamba nilikisia, kwamba kiburi ndicho kilichonifanya niseme ni salama, kwamba naomba anisamehe.

Alinisikiliza hadi mwisho. Akanijazia kikombe.

"Yule msichana," akasema polepole, "alikuamini sana."

Sikumaliza chai.

Enzi zetu zilikuwa nzuri, nami nazililia kama ninyi. Tulizitunza siku kwa mikono yetu, na jina la mtu lilikuwa kitu kizito. Watoto wangu wakiitwa wanajibu "niko!" bila kuinua macho, mara kumi kwa siku, na hawajiulizi ni nani ameita. Huwa naacha nilichoshika, natoka nje, nazunguka nyumba yote, nikimtafuta mtu aliyeita.