Sauti ya Mzee Shomari

Kahawa ya Mzee Shomari ilinukia tangu ngazini, ikichanganyika na iliki na unyevu wa zulia kuukuu. Nilikuwa na miaka tisa. Mama alifanya kazi ya kea, kuwahudumia wazee, na shule zilipofungwa kiangazi kile hakuwa na wa kuniachia ila jirani yetu wa ghorofa ya chini hapo mtaani Thornton Heath, ughaibuni, mzee wa Tanga, baharia wa zamani aliyeishi peke yake. Alinipeleka shingo upande, kwani mzee huyo alidai aliwahi kuigiza sinema Italia. "Baharia hakosi hadithi," mama alininong'oneza. "Wewe itikia tu."

Nikaitikia. Mchana ulikuwa mrefu, jua limelala kwenye pazia lake la manjano kama samli iliyoyeyuka, naye akisimulia taratibu jinsi alivyoshuka melini Genova akiwa kijana, akafika Roma, na mtu asiyemjua akampa mkuki aushike mbele ya kamera. Tangu hapo akawa mlinzi wa mfalme, haramia, jambazi mpanda farasi katika jangwa ambalo kumbe lilikuwa machimbo ya kokoto. Hakuwahi kufika mwisho wa sinema akiwa hai. Alinifundisha kufa juu ya zulia lile. "Usianguke kama gunia, mwanangu. Anayekufa hukumbuka kitu kwanza. Kumbuka, halafu uanguke." Nilikumbuka maandazi ya bibi, nikaanguka vizuri.

Siku moja akatoa kanda ya video kabatini. Katikati ya chengachenga za televisheni nikamwona: kijana mwembamba mwenye kilemba, macho yale yale, amempakata bwana wake anayekata roho. Akafungua mdomo, ikatoka sauti nzito ya Kitaliano.

"Hii si sauti yako, babu," nikasema.

Akanieleza kwamba sauti ziliingizwa baadaye studio, na maneno yake alisemewa na mtu mwingine, sinema zote.

"Kwa hiyo hakuna anayeijua sauti yako?"

Alikwenda jikoni kuosha vikombe vilivyokwisha kuoshwa, nikajua nimemchoma.

Kesho yake alizima sauti ya televisheni, akasimama kando yake, na midomo yake ya ujanani ilipofunguka, akasema kwa Kiswahili, polepole: "Lala, bwana wangu. Njia nitailinda mimi." Akairudisha kanda nyuma, akasema tena. Hatukumsikia mama akiingia. Alikuwa mlangoni na sare yake ya kazi, mkoba begani, akimtazama yule kijana kiooni, kisha mzee. Asubuhi ile mama alikuwa amemfumba macho mgonjwa wake aliyekata roho. Hayo nilikuja kuyajua baadaye.

"Baba," alisema, yeye aliyezoea kumwita 'yule mzee', "hebu irudie nisikie."

Akairudia. Mama aliketi chini zuliani, akalia bila kujificha. Asiyekujua hakuthamini, nasi sasa tulimjua: tangu siku hiyo, kila Ijumaa sahani ya kwanza ya pilau yetu ilishuka kwake.

Mzee alifariki nikiwa sekondari. Leo sinema zile zimo kwenye simu yangu, zimesafishwa hata vumbi la kilemba chake linaonekana. Wanangu hunitumia sauti zao kutwa mara kumi, kuniambia tu wamepanda basi. Sisi tulikuwa na redio ya kaseti, na kila mwezi mama alirekodi kwayo salamu za kupeleka nyumbani. Redio hiyo ilikuwa ghorofa moja tu juu ya Mzee Shomari, na hakuna aliyefikiria kushuka nayo.