Nyumba Niliyoijenga Mwenyewe Kisha Nikainunua Mara Tatu

Ukuta wa sebule yangu niliujenga mimi. Simaanishi kwamba nilimlipa mtu anijengee. Niliupanga jiwe juu ya jiwe kwa mikono hii, nikiwa fundi wa shilingi elfu moja mia mbili kwa siku, kwenye mjengo wa ghorofa tano pale Kawangware 46, Nairobi. Kona moja imeenda upande kidogo kwa sababu siku ile mvua ilitukatiza na msimamizi hakutaka tubomoe. Mtu mwingine hawezi kuiona. Mimi huiona kila asubuhi nikinywa chai.

Kwa hiyo nilijua nyumba ile imegharimu kiasi gani. Mafundi hujua. Wakati wa mchana, tukila githeri juu ya mbao, tulikuwa tukihesabu: mawe, simiti, vyuma, mchanga, sisi wenyewe. Tukagawa kwa idadi ya nyumba. Hata ukiweka ploti na rangi na faida ya mwenyewe, ilikuwa vigumu kufika milioni mbili. Walipoweka bango la bei, milioni mbili na laki saba, tulicheka sana. Mwenzangu mmoja alisema atakayenunua hapo amerogwa.

Aliyenunua ni mimi.

Tulikuwa tukiishi Kibera wakati huo, upande wa Makina, vyumba viwili vya mabati, mimi na mke wangu na watoto wetu wawili. Wote wawili tumetoka magharibi, na tulikutana huku huku Nairobi, kanisani. Yeye ni muuguzi katika hospitali ya misheni. Ana kazi ya kudumu na hati ya mshahara kila mwezi, kitu ambacho mimi sijawahi kuwa nacho maishani. Alikuwa amechoka. Anatoka zamu akiwa ameosha vidonda vya watu kutwa, anafika nyumbani anapanga foleni ya choo na majirani kumi na wawili. Mtoto wetu mdogo alikuwa akikohoa kila msimu wa baridi, na yeye, muuguzi, alijua ni yale mabati na ule moshi.

Jumamosi moja alikuja kunitafuta kule mjengoni, akamkuta msichana wa mauzo chini ya hema, ana soda na makaratasi ya rangi. Nilipotoka kunawa mikono nilimkuta mke wangu amekaa kwenye kiti cha plastiki, anasikiliza.

"Mnalipa kodi ngapi?" msichana alituuliza.

"Elfu sita," nikasema.

"Kila mwezi unampa landilodi elfu sita, na hata msumari wa ile nyumba si wako. Si heri ulipe chako?"

Mke wangu aliniangalia. Nikavuta kiti nikakaa. Hata leo natamani ningemjibu, maana maneno yale manne, "si heri ulipe chako", ndiyo yaliyotupeleka benki.

Laki tatu za kuanzia tulizipata kwa shida. Nusu ilikuwa akiba ya mke wangu ya sacco. Nusu nyingine ilikuwa pesa niliyokuwa nimeweka kidogo kidogo kwa miaka minne ili nimjengee mama yangu nyumba kule nyumbani. Mama anaishi kwenye nyumba ya udongo ambayo baba aliiacha, na ukuta wa nyuma ulikuwa umeanza kulala. Mimi ni fundi. Nimejengea watu nusu ya Nairobi. Nilimpigia simu nikamwambia asubiri kidogo.

"Mwanangu," akasema, "nyumba yangu haina haraka. Wewe weka watoto pahali pazuri."

Benki ilitukopesha milioni mbili na laki nne, riba asilimia kumi na nne, miaka ishirini. Afisa wa mikopo alikuwa kijana msafi mwenye haraka. Alikuwa akifungua kurasa kwa kidole: sahihi hapa, na hapa, na hapa. Nilimuuliza, "Kwa jumla tutalipa pesa ngapi?" Nakumbuka vizuri kwamba niliuliza. Alitabasamu, akasema, "Mzee, wewe angalia tu hii ya kila mwezi. Elfu ishirini na tisa, mia nane arobaini na tano. Mkiizoea hamtaisikia."

Tuliisikia. Mshahara wa mke wangu ulikuwa ukifika ukiwa umeshakatwa karibu nusu. Chakula, karo, nauli, stima, yote yakawa yangu, na kazi ya mjengo haina mkataba. Kuna mwezi ninafanya kazi siku ishirini na nne, kuna mwezi ninafanya sita. Nyumba iliyo mkabala na yetu, yenye vyumba sawa na yetu, mwenyewe aliipangisha kwa elfu kumi na tano. Yaani jirani alikuwa akilipa nusu ya yetu, na bomba likipasuka anampigia mwenye nyumba. Letu likipasuka nalitengeneza mimi. Lakini nilijiambia kwamba yeye anatupa pesa na sisi tunaweka akiba ukutani. Nilikuwa nikiamini hivyo kabisa. Mtoto mdogo aliacha kukohoa. Mke wangu alinunua mapazia Soko la Toi, akayashona upya akayatundika, akakaa akiyaangalia.

Ikapita miaka mitano bila kuruka hata mwezi mmoja. Mama nilikuwa nikimtumia mia tano, elfu moja, nikiweza. Kila nikipiga simu namuuliza kuhusu ukuta, anajibu kwamba wameuwekea mti wa kuuegemeza.

Mwaka wa tano, hospitali ya mke wangu ilifungua kituo kule magharibi, mwendo wa saa moja tu kutoka kwa mama. Wakamwomba akawe msimamizi wa wauguzi huko. Alirudi nyumbani akiwa na uso ambao sikuwa nimeuona tangu tuoane.

"Tuuze hii nyumba," akasema. "Twende tukae kwetu. Ujenge ya mama, ujenge na yetu, kwa mkono wako."

Tulikaa mezani tukapiga hesabu, na nataka niieleze vizuri hesabu yetu ili mtu aone jinsi tulivyokuwa wajinga. Tulikopa milioni mbili na laki nne. Tumelipa kwa miaka mitano, karibu milioni moja na laki nane. Imebaki laki sita. Tukasema haya, benki si kanisa, tuongezee laki tatu za riba. Deni ni laki tisa. Mtu wa kununua tulimpata, mwalimu, akakubali milioni mbili na laki nane. Tulipe benki laki tisa, tubaki na karibu milioni mbili. Kwa milioni mbili mimi naweza kujenga nyumba mbili za mawe kule nyumbani na uzio pia. Usiku ule nilichora ya mama nyuma ya kalenda: vyumba vitatu, baraza, jiko la nje kwa sababu hakubali kupika ndani.

Jumatatu tulienda benki kuuliza deni. Yule kijana alikuwa ameshapandishwa cheo. Tulihudumiwa na mwingine, mwanamume wa makamo, mpole. Alibonyeza kompyuta yake akatugeuzia kioo.

Milioni mbili, laki mbili na elfu arobaini na moja.

"Hiyo ni ya mtu mwingine," nikamwambia. "Angalia tena."

Akaangalia tena. Akasoma jina la mke wangu na nambari ya nyumba.

"Tumelipa milioni moja na laki nane!" mke wangu akasema. Sauti yake ilikuwa juu, watu wa foleni wakageuka.

"Ndiyo, mama. Mmelipa vizuri sana, hamjachelewa hata mara moja."

"Sasa zimeenda wapi?"

"Zimelipa riba. Mwanzoni riba ndiyo hulipwa zaidi, deni lenyewe hupungua baadaye. Ndiyo kawaida." Alifungua mkataba wetu, karatasi zile zile tulizotia sahihi, akatuonyesha ukurasa wa karibu na mwisho. Kulikuwa na jedwali la nambari ndogo kama sisimizi. "Mlipewa hii."

Tulipewa, ni kweli. Imekuwa kwenye sanduku chini ya kitanda miaka mitano, na mimi ninayejua kusoma ramani ya jengo sikuwahi kuisoma. Nikaisoma pale kaunta, nimesimama. Mwezi wa kwanza tulilipa elfu ishirini na tisa, mia nane arobaini na tano. Elfu ishirini na nane zilikuwa riba. Zilizoenda kwenye nyumba ni elfu moja, mia nane arobaini na tano. Mifuko miwili ya simiti! Mwezi mzima wa mke wangu kusimama wodini, usiku na mchana, na tumenunua mifuko miwili ya simiti.

Kwa miaka mitano tulikuwa tumepunguza deni kwa laki moja na elfu hamsini na tisa. Nikaendelea kushuka na kidole hadi mwisho wa jedwali, nikaona ile jumla niliyouliza siku ya kwanza nikaambiwa nisijali. Zaidi ya milioni saba na laki moja. Mkopo mmoja, mara tatu.

Nilimuuliza yule mwanamume, "Kwa nini hamkutuambia hii kwa mdomo?"

"Iko kwenye karatasi."

"Nimeuliza kwa mdomo. Siku ile niliuliza kwa mdomo, kijana wenu akanijibu kwa mdomo."

Akaufunga mkataba. Namshukuru kwa hilo, kwamba hakudanganya.

Tungeuza siku ile, tukatoa deni, faini ya kulipa mapema na wakili, tungebaki na laki nne na kitu. Tuliweka laki tatu kuanza. Mwalimu tukamwambia atusamehe, nyumba haiuzwi. Na kuipangisha kwa elfu kumi na tano wakati benki inadai thelathini hakukuwezekana. Mke wangu aliandika barua ya kukataa kile cheo. Aliiandika Jumapili mchana, mezani, na alipomaliza akaenda kulala na viatu miguuni. Kazi ile alipewa mwingine. Hilo benki haikuliweka kwenye jedwali lolote.

Nilikaa na hasira hiyo wiki kadhaa. Kazini nilivunja mawe mazuri. Mke wangu hakukaa na hasira, alikaa na simu, anabonyeza kikokotoo, anaandika nyuma ya kitabu cha mtoto. Siku moja akaniita.

"Baba watoto, hebu kaa. Tukiongeza elfu tano kila mwezi, na yote iende kwenye deni lenyewe, tunamaliza kwa miaka kumi. Si kumi na tano."

"Elfu tano tu?"

"Elfu tano tu. Tunaokoa zaidi ya milioni moja."

Sikumwamini. Akarudia mbele yangu, mwezi kwa mwezi, mpaka nikaona. Na hapo ndipo hasira yangu ilipozidi, badala ya kupoa. Elfu tano! Ningezipata. Miaka yote mitano kulikuwa na miezi ningezipata, kama mtu mmoja, msichana wa hema, kijana wa sahihi, mtu yeyote anayekula mshahara kwa ajili ya mikopo yetu, angefungua mdomo aseme sentensi moja.

Nikaanza kufanya kazi Jumapili baada ya ibada, vijikazi vya Kibera: kupiga sakafu ya duka, kusawazisha msingi wa choo, kuweka mlango. Tukalipa ile elfu tano miezi mitatu. Mke wangu akaomba taarifa ya akaunti. Deni la msingi lilikuwa limeshuka vile vile kama zamani. Elfu tano zetu zilikuwa zimewekwa kando kama malipo ya mapema ya mwezi unaofuata, zimekaa tu, hazijagusa deni.

Siku ile nilienda peke yangu, na nguo za kazi, na simiti kwenye nywele. Askari wa mlangoni alitaka kunizuia. Nilimkuta yule yule mwanamume wa makamo.

"Hizi pesa ni za kupunguza deni," nikamwambia.

"Mzee, hukuandika barua ya maagizo. Bila barua, mfumo unajua ni malipo ya mapema."

"Nipe karatasi."

Niliandika barua hapo hapo, kwa kalamu yake, kwa Kiswahili. Akaniambia ingefaa iwe kwa Kiingereza. Nikamwambia pesa zangu walizipokea bila kuuliza zinaongea lugha gani. Akaipokea, akaigonga muhuri, nikadai nakala. Tangu siku hiyo kila malipo yana barua, na nakala zake ninazo zote.

Huu ni mwaka wa tatu wa barua. Imebaki miaka saba, tukiwa na afya. Mke wangu anasema nimekuwa mtu mkali, kwamba nikikaa na wageni lazima nifike kwenye riba. Anasema angalau watoto wana sakafu na choo chao. Ni kweli, na sikatai. Mimi ninachokataa ni kuambiwa kwamba ilikuwa kawaida.

Desemba iliyopita nilienda nyumbani nikamjengea mama. Si ile ya kwenye kalenda. Ni vyumba viwili vya matofali ya kuchoma, ndugu zangu wakinichanganyia udongo, mabati mengine ya zamani. Ukuta wa nyuma wa ile ya kale tulipouondolea mti ulianguka wenyewe, mama akiwa amesimama hatua tano kutoka pale, ameshika kuku. Alihamia kabla sijamaliza dirisha moja. Alizunguka akigusa kila kona, akanishika mkono kwa mikono yake yote miwili, akanishukuru, akashukuru tena, kama mtu aliyepewa msaada na mgeni. Nilitoka nje nikajifanya natafuta mwiko wangu wa kujengea.