Sauti Yangu Imebaki kwa Kompyuta ya Ezron

Watasema nimechanganyikiwa. Waseme. Mimi nilikuwa pale, wao hawakuwa. Haya yalinipata mchana, hapa Kakamega mjini, mvua ya alasiri ikipiga mabati, na walionifanyia nitawataja.

Wa kwanza ni Ezron, ajenti wa kupeleka wanawake Uarabuni kufanya kazi za nyumba. Ndiye alimpeleka Jenifa, msichana wa jirani yangu Respa huko Shinyalu. Jenifa alifia huko na mwili haukurudi. Respa akazika mgomba, vile tunafanyanga mtu akipotea: shina la ndizi, limefunikwa shuka, ndani ya kaburi la mtu mzima. Na Ezron alikuja matanga! Akala kuku, firigisi, kipande cha mgeni wa heshima, akaandaliwa yeye.

Utaniuliza, sasa wewe ulienda kwake kutafuta nini? Binti yangu alikuwa mjamzito, hana bwana, na shambani hatukupata hata gunzi. Njaa haichagui ajenti.

Ezron alikuwa na chumba cha nyuma chenye kompyuta moja ya kufundisha Kiarabu. Unavaa hedifoni, sauti ya mwanamke inasema neno, wewe unajibu kwa maiki. Ukipatia, mstari wa kijani unasonga. Usipojibu, inakungoja tu. Na mlango wa chuma unafungwa kwa nje mpaka umalize somo. Ati akina mama wa kwetu wakiachiwa mlango watatoka kununua njugu na kupiga domo. Ufunguo ulikaa na Pamela, dada ya Ezron, pale barazani akishona vitambaa.

Siku hiyo somo lilikuwa la kuitwa. Mwenye nyumba anaita, wewe unajibu "hadhiri", yaani nipo, nakuja. Nikajibu mara ya kwanza, nikajibu ya pili. Halafu ile sauti ikaniita jina langu la nyumbani, lile nilipewa na nyanya, ambalo Ezron hakuwahi kulisikia.

Niamini. Ilikuwa sauti ya Jenifa. Ile ile alikuwanga akiniitia kwa ua akija kuomba makaa ya moto.

Kwetu mtoto anafunzwa hili kabla hajajua kujifuta kamasi: ukiitwa na mtu usiyemwona, nyamaza. Nikanyamaza. Mstari wa kijani ukasimama. Nikavua hedifoni, ikaendelea kuita pale mezani, mbali mbali, kama mtu aliye ndani ya kisima. Nikagonga mlango.

"Pamela! Nifungulie, mama!"

"Umemaliza?"

"Kuna mtu humu ananiita!"

Akacheka. "Si ndio somo lenyewe? Itika basi. Ama unataka nikuitikie?"

"Pamela, ni Jenifa wa Respa."

Nikasikia kiti kikiburutwa, kikienda mbali na mlango. Alijua! Huyo mwanamke alijua.

Mvua iliisha, dirisha likaanza kuingia giza, na Jenifa anaita tu, hakasiriki, hachoki. Binti yangu yuko nyumbani peke yake na lile tumbo. Wewe ungefanya nini? Nikashika maiki nikasema, "Hadhiri."

Mstari ukajaa. Nikasikia pumzi ndefu, kama ya mtu ametua mzigo wa kuni. Pamela akafungua. Nilipotaka kumtukana, midomo ilienda, lakini hakuna kilichotoka.

Mpaka leo; haya nayaandika tu. Hospitalini walimulika koo, wakasema ni zima. Respa naye aliniambia Jenifa hamjii tena ndotoni akilia. Nilifurahi, na sikufurahi. Kisha msichana wa Kabras, niliyekuwa nikipishana naye pale kwa Ezron, alikuja kwangu.

"Mama, ni wewe unafundisha pale siku hizi. Na umeanza kuita watu majina."

Binti yangu alijifungua. Kwetu nyanya ndiye humtajia mtoto majina ya marehemu mpaka moja limnyamazishe. Mtoto alilia usiku kucha, mimi nikimwangalia.

Nimeshaelewa: mmoja tu akiitika, sauti yangu itarudi kwangu, na yake itabaki pale. Ezron bado anafungua ofisi. Pamela bado anashona. Lakini wewe, ukikaa kwa ile kompyuta, na mwanamke wa Shinyalu akakuita jina lako la nyumbani, funga mdomo. Ni mimi. Nitakuita kwa upole, nitakubembeleza kama mwanangu.

Usiniitikie.